Miaka 15, miaka 25, au 25 na kujiongezea: mkopo wa nyumba unakugharimu kiasi gani hasa?

Ukienda kuulizia mkopo wa nyumba, swali la kwanza utakaloulizwa ni unamudu kulipa kiasi gani kwa mwezi. Swali lenyewe halina ubaya, ila linakufanya uipime nyumba kwa mshahara wa mwezi huu, ilhali mkataba unaosaini utakaa nawe robo karne. Ndiyo maana watu wawili wanaweza kukopa kiasi kilekile, benki ileile, kwa riba ileile, na mmoja akamaliza akiwa amelipa mara mbili ya mkopo na mwenzake mara tatu.

Hapa nalinganisha njia tatu ambazo wakopaji wengi hukwama katikati yake. Ya kwanza ni mkopo wa miaka 25, unalipa kiwango cha chini kilichopangwa. Ya pili ni mkopo wa miaka 15. Ya tatu ni mkataba uleule wa miaka 25, ila kila mwezi unajiongezea kidogo juu ya rejesho kwa hiari yako.

Mfano ni mmoja kote: mkopo wa milioni 10, sarafu yoyote uitakayo, kwa riba ya asilimia 12 kwa mwaka, inayokokotolewa kila mwezi juu ya salio la deni. Nimechukua 12 kwa sababu ni asilimia 1 kamili kwa mwezi, na mtu mwenye kikokotoo cha simu anaweza kunihakiki. Riba yako ikiwa ndogo zaidi, picha inabadilika kwa namna isiyotarajiwa na wengi; nitaigusa.

Tunapima nini

Vipimo ni vitano: rejesho la mwezi, jumla itakayotoka mfukoni hadi siku ya mwisho, deni linalobaki ukiamua kuuza au kuhama kabla ya mwisho, kinachotokea riba ikipanda, na kinachotokea kipato kikiyumba. Kipimo cha tatu ndicho kinachosahaulika kuliko vyote, na kwa maoni yangu ndicho kinachosema ukweli mwingi zaidi, maana wakopaji wengi huuza, huhama au huhamisha mkopo kabla haujaisha.

Takwimu zenyewe hizi hapa, nyingi zikiwa zimekadiriwa hadi elfu iliyo karibu:

| | Miaka 25 | Miaka 15 | Miaka 25 na kujiongezea |
|---|---|---|---|
| Rejesho la mwezi | 105,322 | 120,017 | 110,000 |
| Muda halisi | miezi 300 | miezi 180 | miezi 241 |
| Jumla ya malipo | 31,597,000 | 21,603,000 | 26,509,000 |
| Riba peke yake | 21,597,000 | 11,603,000 | 16,509,000 |
| Salio baada ya miaka 5 | 9,565,000 | 8,365,000 | 9,183,000 |
| Salio baada ya miaka 10 | 8,776,000 | 5,395,000 | 7,700,000 |

Rejesho la mwezi

Miaka 25 ndiyo nafuu kwa mwezi, hilo halina ubishi. Miaka 15 inakudai takriban 14,700 zaidi, yaani asilimia 14 hivi. Kujiongezea hadi 110,000 ni nyongeza ya 4,678 tu, na hakuna anayekulazimisha.

Tofauti hizo zinaonekana ndogo, lakini benki haziangalii hivyo. Benki ikiweka ukomo kwamba rejesho lisizidi theluthi ya mshahara, mkopo wa miaka 25 unahitaji mshahara wa takriban 316,000, na wa miaka 15 unahitaji takriban 360,000. Aliye katikati ya namba hizo hana cha kuchagua: miaka 15 imeshamfungia mlango, na kilichobaki ni kuamua kama atajiongezea au la.

Sasa lile la riba ndogo. Mkopo uleule kwa asilimia 6 una rejesho la 64,430 kwa miaka 25 na 84,386 kwa miaka 15. Pengo limeruka hadi asilimia 31. Kwa maneno mengine, penye riba ndogo kufupisha mkopo kunauma zaidi kila mwezi na kunaokoa pungufu, kama milioni 4.1 badala ya karibu milioni 10. Penye riba kubwa ni kinyume: nyongeza ndogo ya mwezi inafuta miaka. Ushauri wa "chukua muda mrefu, usijibane" unaofaa penye mikopo ya bei rahisi haupaswi kunakiliwa penye riba ya tarakimu mbili.

Jumla itakayotoka mfukoni

Tazama safu ya riba kwenye jedwali. Kati ya miaka 25 na miaka 15 pengo ni karibu milioni 10, yaani nyumba ya pili. Njia ya kujiongezea inakaa katikati: inaokoa milioni 5 na zaidi, na inamaliza deni karibu miaka mitano mapema.

Inatokeaje? Kila mwezi benki inachukua kwanza riba ya salio, na kinachobaki ndicho kinachopunguza deni. Mwezi wa kwanza riba ni 100,000 kamili. Anayelipa 105,322 amepunguza deni kwa 5,322. Anayelipa 110,000 amepunguza kwa 10,000. Anayelipa 120,017 amepunguza kwa 20,017, karibu mara nne ya yule wa kwanza, ingawa rejesho lake limezidi kwa asilimia 14 tu. Nyongeza yote inaangukia kwenye deni lenyewe, kwa sababu riba ya mwezi huo imeshalipwa.

Kwenye mkopo wa miaka 25, mwezi ambao sehemu inayopunguza deni inaizidi riba kwa mara ya kwanza ni wa 232, mwaka wa 20 huo. Kwenye mkopo wa miaka 15 ni mwezi wa 112. Kabla ya hapo, zaidi ya nusu ya kila rejesho ni ya benki.

Kwa sababu hiyohiyo, fedha ya ziada ina nguvu kubwa mwanzoni. Ukiweka 100,000 ya ziada mwezi wa kwanza tu, mara moja, halafu ukaendelea na rejesho lako la kawaida, mkopo wa miaka 25 unapungua kwa miezi 17. Laki hiyohiyo ukiiweka mwaka wa 24, haifuti hata miezi miwili.

Kwa haki ya mkopo mrefu, jumla ya namba hizi haisemi kila kitu. Fedha ya mwaka wa 25 si fedha ya leo. Bei zikipanda kwa asilimia 6 kila mwaka, rejesho la mwisho la 105,322 litakuwa na uwezo wa kununua vitu vya takriban 24,500 vya leo. Mshahara unaofuatana na bei utaliona rejesho hilo likinyauka mwaka hadi mwaka. Lakini mshahara usiopanda hauna unafuu huo, na mikataba mingi ya kazi haiahidi kuupandisha.

Ukiondoka kabla ya mwisho

Chukua mtu aliyelipa miaka mitano kwa njia ya kwanza bila kukosa mwezi hata mmoja. Ametoa milioni 6.3. Deni lake limeshuka kutoka milioni 10 hadi milioni 9.57. Akiuza nyumba kwa bei aliyonunulia, baada ya kulipa dalali na wanasheria, huenda asibaki na kitu zaidi ya kianzio alichoweka mwenyewe, na huenda hata hicho kikaguswa.

Wa miaka 15 katika muda huohuo ametoa milioni 7.2 na deni limeshuka kwa milioni 1.63. Anayejiongezea ametoa milioni 6.6 na deni limeshuka kwa takriban laki nane, karibu mara mbili ya yule wa kwanza. Ukifika mwaka wa kumi, wa miaka 15 amebakiza kidogo tu zaidi ya nusu ya mkopo. Wa miaka 25 bado anadaiwa karibu asilimia 88 ya alichokopa.

Kuna mtego wa kuhamisha mkopo ambao unastahili nafasi yake hapa. Umelipa miaka mitano, benki nyingine inakuita: riba asilimia 10 badala ya 12, na rejesho linashuka kutoka 105,322 hadi 86,920. Nani angekataa? Lakini mkopo huo mpya ni wa miaka 25 kuanzia upya. Ukibaki ulipo, una miaka 20 ya kulipa, jumla milioni 25.28. Ukihama, utalipa milioni 26.08, kabla hata ya ada za kuhamisha. Riba imeshuka na gharama imepanda, kwa sababu saa imerudishwa nyuma. Hama kwa sharti la miaka 20 iliyobaki: rejesho litakuwa kama 92,300, jumla milioni 22.15, na hapo ndipo unafuu ni wa kweli.

Riba ikipanda

Hapa mambo yanategemea nchi na mkataba. Marekani ni kawaida kupata mkopo wa miaka 30 wenye riba moja tangu mwanzo hadi mwisho. Uingereza na Kanada riba hufungwa kwa miaka michache, mara nyingi kati ya miwili na mitano, kisha hupangwa upya. Kwingine kwingi riba inapanda na kushuka pamoja na kiwango cha benki kuu tangu siku ya kwanza. Mkataba wako ukiwa wa riba isiyobadilika kabisa, ruka sehemu hii.

Tuseme miaka mitano imepita na riba imetoka 12 ikafika 14. Kwa anayelipa miaka 25, rejesho jipya ni takriban 118,950. Yaani alikwepa rejesho la 120,017 la miaka 15 kwa kuliona zito, na sasa analipa karibu sawa na hilo, kwa miaka 20 mingine. Wa miaka 15 anapanda hadi 129,900 hivi; ni pigo, lakini kwa asilimia ni dogo zaidi, 8 dhidi ya 13 za mwenzake, kwa sababu salio lake limeshapungua. Anayejiongezea anatakiwa kulipa 114,200, nyongeza ya 4,200 tu juu ya alichokwishazoea kutoa.

Benki nyingine haziongezi rejesho, zinaongeza miaka. Kuwa macho. Riba ya mwezi kwa asilimia 14 juu ya milioni 9.565 ni takriban 111,600. Rejesho la 105,322 haliifikii. Ukiachwa uendelee kulipa kiwango cha zamani, deni linakua kila mwezi na halitakwisha, hata ungepewa miaka mia. Muulize afisa mikopo jambo hili kwa maneno hayahaya: riba ikipanda, mnaongeza rejesho au muda? Na ukomo ni upi?

Kipato kikiyumba

Miaka 15 ndipo inapodhoofika. Ajira ikikatika au ugonjwa ukiingia nyumbani, benki inataka 120,017 ileile. Kurefusha mkopo katikati ya shida ni ombi, si haki, na benki huwa na mkono mzito kwa mtu ambaye ndiyo kwanza amepoteza kazi.

Anayejiongezea anarudi tu kwenye 105,322 bila kumwomba mtu. Hiyo ndiyo thamani halisi ya njia hii. Lakini ina masharti mawili ya kukagua kabla ya kusaini. Kwanza, je, kuna adhabu ya kulipa kabla ya muda? Mikataba mingine hutoza asilimia fulani ya kila ziada, na mingine huruhusu ziada hadi kiasi fulani kwa mwaka. Pili, ziada yako inaingia wapi? Zipo benki zinazoihifadhi kama rejesho la mwezi ujao lililolipwa mapema, na hapo hujaokoa chochote. Andika barua kwamba kila ziada ipunguze deni la msingi na ifupishe muda, kisha angalia taarifa ya mkopo ya mwezi unaofuata kuona kama salio limeshuka kweli.

Lipo na la tatu lisiloandikwa kwenye mkataba wowote. Hiari huchoka. Mwaka wa kwanza utajiongezea, wa pili utajiongezea, halafu ada za shule zitakuja. Kama unajijua, weka agizo la kudumu benki likate 110,000 siku ya mshahara.

Hoja ya kuwekeza tofauti

Wapo wanaosema: chukua miaka 25, na ile tofauti ya 14,694 iwekeze. Hoja ina uzito, lakini ina hesabu yake. Ukiiwekeza kila mwezi kwa miaka 15 kwa faida ya asilimia 12 baada ya kodi na ada zote, utakusanya milioni 7.34, na salio lako la mkopo mwaka huo wa 15 litakuwa milioni 7.34. Sare kabisa na aliyechukua miaka 15. Faida ikiwa asilimia 8, utakuwa na milioni 5.08 mkononi na deni lilelile la milioni 7.34. Kwa hiyo riba ya mkopo wako ndiyo faida unayopaswa kuishinda, tena bila kuyumba. Penye mkopo wa asilimia 4 hilo linawezekana. Penye 12 au zaidi, mwenye kukuahidi faida kubwa kuliko hiyo bila hatari, mkimbie.

Gharama zisizoonekana kwenye riba

Njia zote tatu zinabeba hizi: uthamini wa nyumba, ada ya kuandaa mkopo, mwanasheria, usajili wa rehani, bima ya nyumba na, mara nyingi, bima ya maisha ya mkopaji. Bima inayolipwa kila mwaka huwagharimu zaidi wenye mkopo mrefu, kwa kuwa wanailipa miaka mingi zaidi. Ada zikijumlishwa ndani ya mkopo ili "usitoe fedha mfukoni", 300,000 kwa miaka 25 kwa riba yetu inakuwa karibu 948,000. Ukiweza, zilipe taslimu.

Kagua pia namna riba inavyopigwa. Kila namba hapa ni ya riba juu ya salio linalopungua. Ukitajiwa asilimia 7 ikawa inapigwa juu ya mkopo mzima kwa miaka yote 15, rejesho litakuwa 113,889, sawa na asilimia 11 na ushee ya salio linalopungua. Asilimia ndogo kwenye bango si lazima iwe mkopo wa bei ndogo.

Kwa wanaokwepa riba kwa imani, vipimo ni vilevile. Kwenye murabaha, ambapo benki hununua nyumba kisha ikakuuzia kwa bei yenye faida yake ndani, bei ya kuuziwa hupangwa mwanzoni na haibadiliki, kwa hiyo kipimo cha kupanda kwa riba kinakufa chenyewe. Lakini uliza kwa maandishi kama ukimaliza mapema utapunguziwa sehemu ya faida ambayo muda wake haujafika.

Nani achague nini

Kama mshahara wako ni wa uhakika, una akiba ya miezi kadhaa pembeni, na umebakiza miaka 15 hadi 20 kustaafu, miaka 15 inakufaa. Deni linaloingia kwenye uzeeni ni zito kuliko linavyoonekana kwenye jedwali.

Kama kipato chako kinapanda na kushuka, biashara, kamisheni, kazi za mkataba, chukua miaka 25 na ujiongezee miezi ya neema, ila kwa sharti kwamba mkataba hauna adhabu ya maana ya kulipa mapema. Mkataba wenye adhabu kubwa unaifuta njia hii; omba benki nyingine.

Kama riba yako ni ndogo na imefungwa kwa muda wote, na unayo mahali pa kuweka fedha panapolipa zaidi, miaka 25 ya kawaida haina aibu. Vivyo hivyo kama ndiyo kwanza unaanza kazi na njia mbadala ni kodi ya nyumba inayokaribia rejesho hilohilo.

Kama unatarajia kuhama ndani ya miaka mitano, swali la miaka 15 au 25 linakuja baada ya swali jingine: je, ununue sasa? Kwa salio la milioni 9.57 baada ya kutoa milioni 6.3, kila kitu kinategemea bei ya nyumba kupanda. Linganisha hiyo milioni 6.3 na kodi ya nyumba ya kupanga ambayo ungelipa miaka hiyo mitano, ujumlishe ada za kununua na kuuza, kisha uone.

Na kama tayari uko ndani ya mkopo wa miaka 25 na hutaki kubadilisha chochote, omba benki jedwali kamili la marejesho, tafuta mstari wa mwezi huu, na uone ni kiasi gani cha rejesho lako kinapunguza deni. Ukiweza kuongeza kiasi sawa na hicho mwezi huu, umefuta karibu mwezi mzima upande wa mwisho.